Sangara na Bei Yake

Wasikilizaji wetu wa Buzuruga na kando yote ya ziwa, leo twapenda kunena habari za sangara. Samaki huyu si mwenyeji. Alitiwa ziwani katika miaka ya 1950 na 1960. Katika viwanda vya Mwanza hugawanywa: minofu huenda Ulaya, mabondo huenda China, na mapanki, yaani kichwa na mifupa, hubaki kwetu (nayo yakikaangwa vema ni matamu). Basi bei hukatwa mbali. Mwaka 1999 Umoja wa Ulaya ulipokataa samaki wetu kwa hofu ya sumu iliyotumiwa na baadhi ya wavuvi, hata aliyevua kwa nyavu halali aliumia. Mama akaangaye mapanki hana neno katika bei hiyo. Lakini viwanda vikinunua haba, naye hukosa cha kukaanga.