Uzi Kwanza, Uzuri Nyuma

Maneno tuliyosema mbele ya kundi la shanga, Lubunga



Leo hatukuvuka mto kwa kuleta mafundisho tu. Tumekuja kwanza kuomba msamaha. Bangili za komande ya kwanza zilikatika mikononi mwa wateja, hata mwezi haukuisha. Mlirudisha feza kutoka likelemba, feza mliyoanza kuweka kidogo kidogo tangu mliporudi kisha machafuko ya 2023. Kuna watu walisema wamama wa Lubunga hawajui kazi. Si kweli. Uzi ule wa pamba tulinunua sisi, juu bei ilikuwa chini, na hatukuujaribu. Kosa njo letu. Ile feza tumeichanga sisi wenyewe, na mwenye kutunza sanduku ameishaihesabu mbele yenu.

Sasa tuangalie pamoja kwa nini ilikatika.

Uzi wa pamba unakunywa jasho na maji. Hapa kwetu hewa iko na maji mwaka mzima, basi unaoza mbio. Tena tundu la shanga ya kioo liko na makali, linakata uzi pole pole kama kisu. Kwa bangili tutumie nailoni ya kuvulia samaki, ile inauzwa sokoni. Soma namba kwenye kigurudumu chake: 0.20 ao 0.25 kwa shanga ndogo, 0.35 ao 0.40 kwa kubwa. Mbele ya kutunga, ivute kwa mikono miwili, juu nailoni inarefukaka. Pitisha mara mbili kama tundu linakubali. Fundo moja linateleza: funga mawili, kisha rudisha mkia ndani ya shanga tatu ao ine. Usiiweke kwenye jua, inakauka na kuvunjika.

Nailoni ngumu haiombi sindano. Kwa uzi laini, kumbuka: namba ya sindano ikipanda, sindano inakuwa nyembamba. Ya 12 ni nyembamba kupita ya 10. Ukikosa, kamata unyuzi mmoja wa waya ya umeme, ukunje katikati, uusokote. Iko sindano hiyo, na jicho lake linajibana lenyewe kwenye tundu.

Waya ya shaba ni laini, inapindika muzuri. Lakini ukiikunja na kuikunjua pale pale, itavunjika. Waya ya kufungia vyuma vya ujenzi iache, inashika kutu. Shaba ikikutana na jasho inaachaka rangi ya kijani kwenye ngozi, basi kwa ndoano ya kuingia sikioni, tununue ile ya chuma kisichoshika kutu. Na tunawaomba: musinunue shaba ya mtu asiyejulikana. Kama imekatwa kwenye nguzo, kartie moja imelala giza, na polisi atakuja kuuliza kwako.

Zamani, kwenye mto huu huu, watu walilipana na mitako, vipande vya waya ya shaba ya njano. Waya ilikuwa feza. Na sisi leo, kila mita ya uzi ao waya ni feza ya mtoto kuingia darasani. Kwa hiyo tangu sasa, kundi lisinunue kigurudumu kizima mbele ya majaribio. Nunua mita chache. Tunga bangili moja, itundike na chupa ya maji ya litre moja mpaka asubuhi. Kisha mama mmoja aivae juma moja: kufua, kuosha vyombo, kulima. Ikibaki nzima, njo tununue.

Hata kama uzi tumeleta sisi wa shirika, mujaribu. Mukiona haufai, mutukatalie. Siku ile kuna mama alituambia uzi huu ni zaifu, na hatukumusikia. Mama, ulikuwa na haki.