Matanga ya Mount Vernon: Jinsi Pete Rock na CL Smooth Walivyomwombolezea Troy



Nimepewa nafasi nizungumzie wimbo mmoja wa zile zama za dhahabu za hip hop ya Marekani, kipindi ambacho wengi hukihesabu kuanzia katikati ya miaka ya 1980 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1990. Nimechagua "They Reminisce Over You (T.R.O.Y.)" wa prodyuza Pete Rock na mchanaji CL Smooth, uliotolewa na lebo ya Elektra mwaka 1992. Zipo nyimbo za wakati huo zilizouza mara nyingi zaidi ya huu. Lakini katika nyimbo zote za hip hop zilizotungwa kwa ajili ya marehemu, sijasikia ulioomboleza vizuri kama huu. Humu ndani tumo watunzi na maprodyuza ambao, msiba ukitokea, tunaombwa wimbo haraka haraka kabla watu hawajatawanyika. Ndiyo maana naona inafaa tuufungue huu tuone ulivyoundwa.

Msiba wenyewe ulitokea Indianapolis tarehe 15 Julai 1990. Troy Dixon, aliyejulikana jukwaani kama Trouble T Roy, alikuwa mcheza shoo wa kundi la Heavy D & the Boyz. Wakiwa ziarani, baada ya onyesho, alianguka kutoka juu na akafariki kwa majeraha. Alikuwa na miaka 22. Kwao ni Mount Vernon, mji mdogo wa jimbo la New York unaopakana na Bronx kwa upande wa kaskazini, na ndiko walikotokea pia Pete Rock na CL Smooth. Heavy D alikuwa binamu yake Pete Rock. Kwao, basi, aliyekufa alikuwa mtoto wa mtaa wao, mtu wa kupishana naye kila siku. Heavy D alimkumbuka kwa njia yake katika albamu ya *Peaceful Journey* ya 1991. Wawili hawa walimkumbuka kwa wimbo ambao herufi za kwanza za jina lake zinaunda jina la Troy.

Pete Rock alikuwa kijana wa miaka ishirini na kidogo, tayari amepata uzoefu wa redio akiwa DJ pamoja na Marley Marl kwenye kituo cha WBLS. Amewahi kusimulia katika mahojiano kwamba alitengeneza midundo ile akiwa amezama katika majonzi. Sehemu hii naomba tukae nayo kidogo, kwa sababu majonzi peke yake hayatengenezi wimbo.

Kifaa chake kikubwa kilikuwa mashine ya kurekodi na kukata vipande vya sauti, E-mu SP-1200. Kwa viwango vya leo ni mashine maskini. Kumbukumbu yake yote ilibeba sekunde 10 hivi za sauti, na huwezi kuzitumia zote kwa kipande kimoja: kipande kimoja hakikuzidi sekunde 2 na nusu. Ilisoma sauti mara 26,040 kwa sekunde, wakati CD husoma mara 44,100, kwa hiyo kilichoingia safi kilitoka na mikwaruzo na uzito fulani. Maprodyuza wa New York walibuni ujanja: unacheza santuri ya LP kwa kasi ya 45, inayozidi kasi yake ya kawaida, unairekodi ikiwa imekimbia, kisha ndani ya mashine unaipunguza kasi. Hapo umeokoa nafasi, na sauti inazidi kuwa nzito. Mtayarishaji alilazimika kuchagua. Hakuwa na nafasi ya kuweka kila alichokipenda.

Alichokichagua Pete Rock kilitoka mahali ambapo wachache wangepatafuta. Mwaka 1967 Jefferson Airplane, bendi ya roki ya San Francisco, walitoa wimbo wa mapenzi uitwao "Today". Mwaka huohuo mpuliza saksafoni wa Los Angeles, Tom Scott, aliyekuwa bado hajatimiza miaka 20, aliurudia pamoja na waimbaji walioitwa California Dreamers katika albamu ya *The Honeysuckle Breeze* ya lebo ya Impulse!. Ndani ya marudio hayo mna kipande kifupi cha saksafoni. Kinapita, na msikilizaji wa kawaida hakitilii maanani. Pete Rock alikiona. Alikikata, akakizungusha, akakipa ngoma nzito chini yake, na kile kilichokuwa pambo katika wimbo wa mtu mwingine kikawa kilio kinachorudi na kurudi. Sikilizeni jinsi kinavyopanda halafu kinashuka bila kumaliza sentensi yake. Ndiyo hali ya mfiwa: unaanza kusema, unakatika, unaanza tena. Naamini kama angekuwa na dakika nzima za kumbukumbu badala ya sekunde, asingekibana kipande kile kiasi hicho, na wimbo usingetuuma hivi.

Sasa maneno. Mtu akisikia kwamba wimbo huu ni wa Troy hutarajia asikie Troy akisifiwa tangu mstari wa kwanza. Haisikiki hivyo. Beti ya kwanza inamhusu CL Smooth mwenyewe siku anazaliwa: babu yupo, vidole vya mtoto vinahesabiwa, na mama aliyemzaa ni msichana wa miaka 18 tu. Beti ya pili inamhusu mwanamume wa ukoo aliyejitwika malezi pale baba mzazi alipokaa pembeni, na mchanaji hafichi kwamba mlezi huyo anakunywa na ini lake linatia wasiwasi.  Jina la Troy linasubiri hadi beti ya tatu, na linapokuja halianzi na sifa. Anachotuambia kwanza ni namna walivyofahamiana, wakipigana mtaani, kisha beti inapita kwa ndugu wengine.

Yeyote aliyekaa matanga anaijua mantiki hii. Watu wakishazika, mazungumzo ukumbini hayabaki kwa marehemu peke yake. Yanaingia kwa nani alimlea nani, nani alikimbia watoto, shangazi yupi alishika familia mzigo ulipozidi. Marehemu anarudishwa mahali pake katikati ya watu waliomfanya awe alivyokuwa. CL Smooth aliliweka hilo kwenye beti tatu, na mlevi akabaki mlevi huku akiheshimiwa kama mzazi. Nyimbo nyingi za maombolezo tunazozitoa sisi zimejaa pengo lisilozibika, nyota iliyozimika, na majina ya viongozi waliohudhuria. Ukibadilisha jina la marehemu wimbo bado unafaa kwa mtu mwingine. Wimbo wa Troy haufai kwa mtu mwingine yeyote, na hata hivyo watu wa miji ambayo Troy hakuwahi kufika wameufanya wao.

Kuhusu sheria nitasema kwa ufupi, ingawa ni jambo linalotugusa wote. Tarehe 17 Desemba 1991 mahakama ya shirikisho mjini New York iliamua kesi ya mchanaji Biz Markie, aliyechukua kipande cha wimbo wa mwimbaji Gilbert O'Sullivan bila ruhusa. Jaji alianza hukumu yake kwa amri ya Biblia inayokataza wizi. Tangu hapo lebo zikadai kila sampuli, yaani kila kipande kilichochotwa, ilipiwe na kuidhinishwa, na midundo iliyojengwa kwa vipande vingi ikawa ghali mno. "T.R.O.Y." ulitoka miezi michache baadaye, ukashika namba moja kwenye chati ya nyimbo za rap ya *Billboard*, kisha ukaingia kwenye albamu ya *Mecca and the Soul Brother* mwaka huohuo. Wawili hao walitoa *The Main Ingredient* mwaka 1994, kisha wakaachana.

Mwaka 2012 mchanaji Lupe Fiasco alitumia mdundo uliojengwa juu ya kipande kilekile, na Pete Rock akasema hadharani kwamba kimemuuma. Wengi walimshangaa: saksafoni si yake, ni ya Tom Scott. Mimi namwelewa. Haki ya kisheria juu ya sauti ile ni jambo moja, na ni la mawakili. Lakini kuna kilichoongezwa pale 1992 ambacho hakiandikwi kwenye mkataba wowote, nacho ni uamuzi wa kumlilia rafiki kwa sekunde zile na si nyingine. Tofauti hiyo ndiyo ningependa tuijadili, maana vijana wetu nao wanachota kutoka muziki wa dansi na taarab za zamani bila kuuliza ni kilio cha nani wanachokizungusha.

Katika kipindi kijacho tutasikiliza kwanza wimbo wa Scott mzima, halafu huu. Naomba kila prodyuza aandike ni sekunde zipi yeye angezikata, na kila mtunzi aandike jina la mtu aliyemlea marehemu wake kabla ya kuandika neno lolote kuhusu marehemu mwenyewe.