Radi Haingoji Kikapu Kijae
(Maneno ya afisa wa habari wa kaunti kwa wananchi barazani)



Wahenga walisema dalili ya mvua ni mawingu. Hapa Kisii na Nyamira, safari ya mawingu hayo huanzia Ziwa Victoria. Jua likipanda, nchi kavu hupata joto upesi kuliko maji, na upepo wa ziwani huvuma kuja kwetu. Ukikutana milimani na upepo wa mashariki, hewa yenye unyevu hupaa. Alasiri tunapata ngurumo, mvua ya mawe na radi. Usiku upepo hugeuka, na dhoruba huwakuta wavuvi majini.

Kwa hiyo Idara ya Hali ya Hewa ikitangaza mvua ya ngurumo, sikilizeni. Utabiri hauwezi kutaja boma litakalopigwa, lakini unakupa nafasi ya kupanga siku. Chuma chai mapema. Mwalimu, michezo iwe asubuhi.

Ukisikia ngurumo, radi inaweza kukufikia. Acha kikapu, toka shambani. Usijikinge chini ya mkaratusi, wala usiguse ua wa waya. Ingia katika nyumba imara au gari lililofungwa, ukae humo hadi dakika 30 zipite baada ya ngurumo ya mwisho.

Aliyepigwa na radi habaki na umeme mwilini, wala kumguza si mkosi. Kama hapumui, bonyeza kifua chake mfululizo huku wengine wakitafuta gari la kumpeleka hospitalini.

Chai itachumwa kesho. Mchumaji hana badala.