Bega Lililoshonwa na Kazi ya Soko: Mazoezi Baada ya Upasuaji kwa Wafanyabiashara wa Toi

Mada kwa semina ya wahamasishaji wa afya ya jamii na viongozi wa vikundi vya akiba, Soko la Toi, Nairobi



Nimeombwa nizungumzie mazoezi baada ya upasuaji wa bega linalotoka. Nitayazungumzia, lakini hoja yangu ni moja na ningependa ijulikane mapema. Mtu aliyeshonwa bega anahitaji mkono wa mtu mwingine kwa miezi minne hadi sita, na mkono huo utafutwe kabla hajaingia chumba cha upasuaji. Karatasi za mazoezi tunazowapa wagonjwa zinaeleza mengi kuhusu bega. Kuhusu robota la mitumba la kilo 45 linalomngoja mwenye bega kibandani, hazisemi neno. Hapo ndipo kazi nzuri ya daktari huharibikia.

Tuanze na kiungo chenyewe. Kichwa cha mfupa wa mkono ni kikubwa, na kikombe kinachokipokea kwenye fupa la bega ni kidogo, tena hakina kina. Ni kama chungwa lililokalishwa juu ya kisahani. Ndiyo maana bega huzunguka kuliko kiungo kingine chochote kikubwa mwilini, na ndiyo maana pia hutoka kuliko vyote. Kinacholishikilia ni ukingo wa gegedu uliozunguka kikombe, mfuko wa kano uliokifunika kiungo, na misuli minne midogo inayokivuta kichwa cha mfupa kikae katikati. Mara nyingi mno bega hutokea mbele, na likitokea mbele hung'oa ukingo ule wa gegedu. Daktari Mwingereza, Arthur Blundell Bankart, alilieleza jeraha hilo mwaka 1923, na operesheni ya kuurudisha ukingo mahali pake ingali inaitwa kwa jina lake. Siku hizi hushonwa kwa nyuzi zilizofungwa kwenye vijinanga vidogo vinavyozamishwa ndani ya mfupa. Kama kikombe kimelika kwa sababu bega limetoka mara nyingi, kushona peke yake hakutoshi. Hapo madaktari hutumia njia ya Mfaransa Michel Latarjet ya mwaka 1954: kipande cha mfupa kutoka fupa la bega huhamishwa pamoja na misuli yake na kukazwa kwa skrubu mbele ya kikombe, kiwe kizuizi.

Kijana ambaye bega limemtoka kabla ya kufika miaka 20 yuko hatarini zaidi kuliko mzee. Wengi wa umri huo huona bega likitoka tena, na kila likitoka hupungua mfupa, hupungua gegedu. Kwa hiyo wale vijana wa hapa ambao hurudishana mabega wenyewe nyuma ya vibanda, kisha wakaendelea na kazi, wanajimaliza polepole. Waambieni waende hospitali hata kama bega limerudi.

Kuna mkao mmoja wa mkono ambao kila mmoja wetu hapa anapaswa kuujua. Inua mkono kando mpaka usawa wa bega, kunja kiwiko, kisha upeleke kiganja nyuma kama mtu anayetaka kurusha jiwe. Mkao huo ndio unaoling'oa bega, na baada ya upasuaji ndio unaozikata nyuzi. Sasa tazameni soko hili na barabara zake. Makanga wa matatu ya namba 46 au namba 8 ananing'inia mlangoni, mkono mmoja umeshika chuma cha juu, gari linafunga breki: ni mkao huo. Muuza makoti anatungua koti la safu ya juu kwa mti wenye kulabu, kulabu inakwama kwenye hanga, anavuta kwa nguvu huku mkono uko juu na nyuma ya kichwa: ni huo huo. Mama anamtupia mtoto mgongoni amfunge leso: ni huo. Anayefungua kibanda kwa kusukuma bati la mlango juu asubuhi, na anayesukwa nywele akiwa ameweka mikono kichwani, hawako mbali nao. Wachezaji wa raga wanaoumia uwanjani RFUEA, hapo Ngong Road, huumia kwa njia hiyo hiyo, ila timu yao ina mtaalamu wa fiziotherapia anayewafuata kila wiki mpaka warudi uwanjani. Mwenye kibanda hana timu. Nimekuja hapa kuwaomba muwe timu yake.

Ratiba ya kila mgonjwa huamuliwa na daktari aliyempasua, kwa sababu ndiye aliyeona ndani. Nitakayosema ni mwenendo wa kawaida tu, na neno la daktari likitofautiana na langu, lishikeni la daktari.

Wiki tatu hadi sita za kwanza mkono hukaa kwenye slingi. Watu hudhani ni muda wa kukaa bure, kumbe kazi ipo tangu siku ya kwanza. Vidole vikunjwe na kunyooshwa, kifundo cha mkono kizungushwe, kiwiko kinyooshwe mara kadhaa kwa siku, la sivyo mkono huvimba na kiwiko huganda. Soksi iliyokunjwa ikawa donge inatosha kabisa kuminywa kiganjani. Shati liwe la vifungo mbele. Mkono mgonjwa uwe wa kwanza kuingia na wa mwisho kutoka. Akiosha kwapa, mgonjwa ainame kidogo na kuuacha mkono uning'inie, asiuinue. Kulala ni chali, mto chini ya kiwiko ili kisianguke nyuma, na mtoto anayelala kitanda kimoja na mzazi ahamishiwe upande mzima. Haya ni mambo madogo, lakini katika chumba kimoja chenye watu watano ndiyo yanayoamua kama mshono utakaa.

Slingi ikianza kutolewa, mazoezi ya kurudisha mwendo huanza, na hapa nina habari njema: meza ya mitumba ni kifaa kizuri kuliko vingi nilivyoviona kliniki. Mgonjwa akae mbele ya meza yake, aweke kiganja juu ya fulana iliyokunjwa, na aisukume mbele taratibu huku mwili ukiinama, mpaka ahisi kuvutwa kidogo, kisha airudishe. Fulana huteleza, mkono hausumbuki, na bega hujifunza upya kwenda juu bila kubeba uzito wake. Anaweza pia kuegemea meza kwa mkono mzima, ainame, na kuuacha mkono mgonjwa uyumbe taratibu. Ule mti wa kutungulia makoti nao una kazi nyingine sasa: alale chali, aushike kwa mikono miwili, na mkono mzima uuinue ule mgonjwa. Jambo la kulinda ni kugeuza mkono nje. Kiwiko kikae ubavuni, na mwanzoni kiganja kisipite pale kinapoelekea mbele. Kitasogezwa nje kidogo kidogo, kwa kibali.

Sasa nifike kwenye kipindi ninachokiogopa kuliko vyote, yaani kati ya wiki ya 6 na ya 12. Wengi mnadhani hatari iko wiki ya kwanza. Wiki ya kwanza mgonjwa analindwa na maumivu yake mwenyewe, hakuna anayemtuma kitu, na slingi shingoni inawaambia wapita njia wampishe. Wiki ya nane maumivu yameisha, slingi imetoka, mkono unafika usoni, na mgonjwa anajiona amepona. Ndani, gegedu ndiyo kwanza inashikana na mfupa, na sehemu kubwa ya mzigo bado imebebwa na uzi. Aliyefanyiwa ya Latarjet naye, kipande chake cha mfupa bado kinaungana. Maumivu kuisha ni jambo moja, mshono kushika ni jambo jingine, na hayaendi pamoja.

Na ndicho kipindi ambacho pesa zimeisha. Akiba imeliwa, wateja wamezoea kibanda cha jirani, karo inadaiwa. Kijana wa mkokoteni anateremsha robota mlangoni na kuondoka. Nani atalivuta ndani? Mtungi wa maji wa lita 20 una kilo 20, na unauvuta mkono chini kwa nguvu ile ile tuliyoshinda wiki saba tukiizuia. Katika wiki hizi mgonjwa anaruhusiwa kikombe cha chai, sahani ya chakula, kukunja nguo, kupokea pesa, kupanga mali juu ya meza chini ya usawa wa kifua. Anaweza kuuza siku nzima. Asichoweza ni kubeba, kuvuta, kutundika juu, na kubeba mtoto mgongoni. Nawaomba muitazame vizuri tofauti hiyo. Mgonjwa wetu hakatazwi kazi. Anakatazwa sehemu ya kazi, na sehemu hiyo ndiyo inayohitaji mkono wa mwingine.

Baada ya wiki ya 12 hivi, daktari akiridhika, nguvu huanza kujengwa. Ukanda wa tyubu ya baiskeli uliofungwa kwenye nguzo ya kibanda unatosha: kuvuta kuelekea tumboni, kuvuta kuelekea nje kiwiko kikiwa ubavuni, kuvuta nyuma mpaka mafupa ya bega yakaribiane mgongoni. Chupa ya maji ya nusu lita hufuata. Kubeba mizigo ya kweli, na kurudi kuning'inia kwenye matatu au kucheza raga, huja baada ya miezi minne hadi sita, na kwa hamali ningependelea sita. Robota libebwe na watu wawili, siku zote.

Kuna kosa la upande wa pili. Wako wanaoogopa hadi wakakaa na slingi miezi mitatu, na bega likaganda mpaka kuchana nywele kukawa shida. Slingi itolewe siku iliyosemwa. Na wako wanaopelekwa kwa mkandaji. Nawaheshimu wakandaji wetu, wengi wana mikono ya huruma, na shingo iliyokazana kwa kuvaa slingi hupata nafuu ikisuguliwa. Ila bega lenyewe lisivutwe wala kunyongwa na mtu yeyote. Anayejiita mtaalamu wa fiziotherapia aulizwe leseni. Tangu sheria ya mwaka 2014, taaluma hii ina baraza lake hapa Kenya, na hakuna mtaalamu wa haki anayeona vibaya akiulizwa.

Mkikutana na mtu ambaye bega limetokea nyuma, ulizeni kuhusu kifafa na kuhusu kurushwa na umeme. Degedege na umeme hukaza misuli yote kwa pamoja, na ile yenye nguvu zaidi hulisukuma bega nyuma. Mwenye kifafa asipokunywa dawa zake kila siku, hakuna mshono utakaodumu, na tafadhali msikubali aonewe aibu kliniki ama sokoni.

Nirudi kwenye mkono wa pili. Soko hili si geni katika kushikana. Wafanyabiashara wa Toi walikuwa wakiweka akiba ya kila siku pamoja na Muungano wa Wanavijiji, shirikisho la wakazi wa vitongoji duni, na soko lilipochomwa katika vurugu zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, vikundi hivyo vilikuwa miongoni mwa vilivyosimama kulijenga upya. Vikundi vyenu vya leo vina mifuko ya ugonjwa na ya msiba. Ninachopendekeza ni kwamba kikundi kikopeshe pia mikono. Mwanachama akipewa tarehe ya upasuaji, kikao kikae na kuandika majina: nani atapokea robota lake, nani atafungua na kufunga bati, nani atamtekea maji, nani atamtungulia mteja koti la juu. Andikeni pia nani atatoa mali yake kukiwa na moto. Mlioona moto wa Oktoba 2024 hapa sokoni mnajua kwamba usiku kama ule hakuna mtu atakayekumbuka karatasi ya mazoezi, na mwenye bega la wiki ya tano atavuta magunia kama wengine asipojua kwamba kuna aliyeshika zamu yake.

Nauli nayo ihesabiwe. Anayeishi Kawangware na kuhudhuria kliniki Mbagathi au Hospitali ya Kenyatta hukata tamaa kwa sababu ya nauli mapema kuliko kwa sababu ya uchungu. Mfuko wa kikundi uihesabu kuwa sehemu ya tiba. Na mwanachama awe amejisajili na SHA, mamlaka ya bima ya afya iliyochukua nafasi ya NHIF tarehe 1 Oktoba 2024, na michango yake, ambayo kiwango cha chini ni shilingi 300 kwa mwezi, iwe imelipwa kabla ya kitanda kutafutwa. Aulize hospitalini mapema ni nini kitalipiwa na ni nini atatoa mfukoni, pamoja na vikao vya mazoezi.

Wahamasishaji, mnapomtembelea mgonjwa huyu, mwombeni avue slingi mbele yenu. Tazameni mshono: ukitoa usaha, ukiwa mwekundu na moto, au mgonjwa akiwa na homa, apelekwe siku hiyo hiyo. Mguseni upande wa nje wa bega na muulize kama anahisi sawa na upande mzima, kwa kuwa neva inayopita hapo huweza kuumia. Ganzi mpya, au kiganja kilichopoa na kubadilika rangi, vilevile havingoji kesho. Akisema alisikia kitu kimekatika, au bega limeanza tena kumcheza, asifanye zoezi lolote mpaka aonwe. Kisha muulizeni nani alibeba maji leo asubuhi, na msiondoke kabla hajataja jina.