Mti Uliouzwa Usiku

Jioni hii nataka kuzungumza nanyi, hasa ninyi mkaao Kibaha na Kisarawe, juu ya biashara moja iliyo mlangoni petu. Twaiona kila siku, wala hatuiulizi habari zake. Nayo ni biashara ya magogo na mkaa usio na hati.

Kuuza mazao ya mwitu si jambo geni katika nchi ya Uzaramo. Katika karne ya 19 wazee walichimba sandarusi ardhini, wakaichukua mpaka pwani, nayo ikavuka kwenda Unguja. Huko wafanya biashara Wamarekani wa mji wa Salem waliinunua ili itengenezwe vanishi. Basi sisemi kwamba kuuza ni vibaya. Nauliza neno moja tu: mti ukiuzwa usiku, ni nani apataye faida?

Kwanza tutazame jinsi mambo yaendavyo. Mgeni hufika kijijini na fedha kidogo mfukoni. Huwatafuta vijana wawili watatu wenye mashoka, huwaonyesha mti, huwapa ujira wa siku chache. Mti ulioishi miaka mingi kuliko babu yao huanguka kwa saa moja. Usiku wa manane gogo hupakiwa katika lori, au magunia ya mkaa hufungwa juu ya pikipiki na baiskeli, na kabla ya jua kuchomoza mali imekwisha kuingia Dar es Salaam. Kijiji hakikupata ushuru, Serikali haikupata ushuru, wala hapana karatasi iliyoandikwa. Wahenga walisema kweli: mali bila daftari hupotea bila habari.

Tena, mali yenyewe hupotea hata kabla ya kuuzwa. Katika tanuru ya udongo ya kawaida, kuni za kilo 8 hata 12 zaweza kutoa kilo 1 tu ya mkaa. Zilizobaki zimekwenda na moshi. Mwaka 2009 Benki ya Dunia ilikadiria kwamba nchi yetu hutumia mkaa wa tani milioni 1 hivi kwa mwaka, na karibu nusu yake huchomwa Dar es Salaam. Tena ilikadiria kwamba Serikali hukosa mapato ya dola za Marekani milioni 100 hivi kila mwaka, kwa sababu mkaa mwingi hupita bila leseni. Fedha hizo zingalijenga madarasa na zahanati.

Sasa sikilizeni jambo ambalo mimi mwenyewe lilinishangaza. Wataalamu walipima misitu tangu kilometa 10 mpaka kilometa 220 kutoka Dar es Salaam, mara ya kwanza mwaka 1991, mara ya pili mwaka 2005. Waliona kwamba ukataji hutembea kama wimbi la bahari. Mbele hutangulia watafutao mbao za thamani, na wimbi lao lilisogea kilometa 9 kila mwaka. Nyuma yao hufuata wachoma mkaa, nao walisogea kilometa 2 kila mwaka. Mnunuzi huanza na kilicho karibu na chenye bei kubwa; kikiisha huenda mbele, wala hageuki nyuma kuuliza hali ya walioachwa. Kibaha na Kisarawe ziko karibu na mji, kwa hiyo wimbi hilo lilipita kwetu mapema. Nendeni mkaulize wazee habari za misitu ya Pugu, Kazimzumbwi na Ruvu Kusini jinsi ilivyokuwa zamani.

Katika vilima hivyo vya Pugu na Kazimzumbwi hukaa komba mdogo sana, aitwaye komba wa Rondo. Uzito wake wakaribia ule wa yai la kuku. Hapatikani popote duniani ila katika misitu michache ya pwani ya Tanzania. Yeye hana kijiji kingine cha kuhamia.

Mataifa nayo yameliona jambo hili. Mwaka 1973 yalifanya mkataba juu ya biashara ya wanyama na mimea iliyo katika hatari, na Tanzania ikaingia mwaka 1979. Wengi wadhani mkataba ule ni wa pembe za ndovu tu. Sivyo. Mpingo umo tangu mwaka 2017, na katika mkutano wa Panama wa mwaka 2022 mkongo na mninga wa Afrika viliongezwa. Kwa hiyo ubao wa miti hiyo hauwezi kuvuka mpaka kwa halali bila kibali.

Labda mtu atasema, "Bwana, maneno yako ni mazuri, lakini mimi nina njaa, na watoto wataka madaftari." Neno hilo ni la haki, wala silidharau. Lakini tazama: akamatwaye njiani ni wewe mwenye baiskeli; atajirikaye ni yule usiyemjua jina. Njia nyingine ipo. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 yakiruhusu kijiji kutenga msitu katika ardhi yake, kuutunza na kuvuna kwa mpango. Vijiji vya Kikole na Kisangi katika Kilwa vilifanya hivyo, na mwaka 2009 Kikole kiliuza mpingo wake wenye cheti kwa halali, fedha zikaingia kijijini. Huko Kilosa, tangu mwaka 2012, vijiji vilianza kuchoma mkaa kwa zamu: sehemu moja hukatwa, nyingine huachwa, na visiki huachwa vichipue.

Basi yatupasa mambo matatu. Ukinunua mbao au mkaa, uliza hati ya kusafirishia, na gogo litazame kama limegongwa nyundo ya Serikali. Wewe uliyekabidhiwa muhuri wa kijiji, usiugonge juu ya karatasi usiyoisoma. Na msitu wa kijiji uwe neno la mkutano wa kijiji, mchana, mbele ya watu wote, na mapato yake yasomwe kwa sauti.

Mti uliouzwa mchana una bei, una shahidi, na una kisiki kitakachochipua. Mti uliouzwa usiku umeibwa, hata kama mwenye shoka ni mwana wa kijiji.