Vita vya Wakubwa Viliingia kwa Mlango Gani?
Mazungumzo na familia zilizohamishwa na viongozi, Musumba

 

Swali moja linarudi katika kila mkutano tunaofanya: vita vinatoka wapi? Wengine husema, "Ni wakubwa wa dunia. Wanataka madini, sisi tunakufa." Wengine husema, "Hapana, ni kabila fulani." Leo hatutaki kukisia. Tutatazama vita vya mwaka 1977 na 1978, ambavyo wazee waliopo hapa waliviona kwa macho na vijana wamesimuliwa. Vilipewa jina la vita vya Shaba, kwa kuwa wakati ule Katanga iliitwa Shaba. Vilikuwa sehemu ya Vita Baridi, yaani ule mvutano wa Marekani na Urusi ya Kisovieti uliogawa dunia kwa zaidi ya miaka 40. Wakubwa hao wawili hawakupigana vita vya wazi uso kwa uso. Risasi zilipigwa Korea, Vietnam, Angola, na hapa kwetu.

Neno letu ni hili: wakubwa wa dunia walikuja kweli, na walikuja kwa faida yao. Lakini waliingia kwa mlango ambao ulikuwa umeachwa wazi nyumbani. Tukiujua mlango huo, tutajua pa kufanya kazi ya amani.

1. Mpaka uliokatwa bila sisi

Mwaka 1884 na 1885 mataifa ya Ulaya yalikutana Berlin kupanga namna ya kugawana Afrika. Hakuna Mwafrika aliyekalishwa mezani. Mwaka 1891 dola ya Mfalme Leopold na Ureno zikaigawa nchi ya Walunda kwa mkataba. Upande mmoja ukawa Kongo, upande mwingine Angola. Kusini, Waingereza wakachukua sehemu ambayo leo ni Zambia. Mwant Yav alibaki Musumba, lakini watu wake wakawa chini ya dola tatu.

Mpaka huo peke yake haukuleta vita. Watu waliendelea kuuvuka ili kuoa, kuzika na kuuza. Lakini uliacha jambo moja: aliyekosana na serikali ya upande huu aliweza kuvuka na kujikuta bado yuko kwa jamaa zake.

2. Askari waliokosa njia ya kurudi

Tarehe 30 Juni 1960 Kongo ilipata uhuru. Siku 11 baadaye, Moïse Tshombe, mzaliwa wa Musumba, alitangaza kwamba Katanga imejitenga. Alisaidiwa na maofisa wa Ubelgiji, na kodi za kampuni ya Union Minière zililipwa kwa serikali yake. Januari 1963 askari wa Umoja wa Mataifa waliukomesha utengano huo. Kolwezi ndiyo ilikuwa ngome ya mwisho.

Je, majandarme wa Tshombe walikwenda wapi? Wengi walivuka kuingia Angola. Mwaka 1964 Tshombe akawa Waziri Mkuu akawaita tena. Novemba 1965 Mobutu akachukua madaraka. Mwaka 1966 na 1967 baadhi yao waliasi Kisangani, wakashindwa. Walionusurika wakatawanyika, na huko Angola mwaka 1968 kikaundwa chama cha FNLC, kiongozi wake akiwa Nathanaël Mbumba.

Ndugu zetu, hawa hawakuwa watu waliotoka mbali. Wengi walikuwa wana wa Kapanga, Sandoa, Dilolo na Kolwezi. Serikali haikuwafungulia njia ya kweli ya kurudi, wala wao hawakuacha silaha. Wahenga walisema: usipoziba ufa, utajenga ukuta. Ufa huu ulikaa miaka 14 bila kuzibwa.

3. Jirani anayemlea adui wa jirani

Mtu mwenye bunduki na asiye na kwao hupata mwenyeji upesi. Kwanza Wareno waliwatumia majandarme hao kupigana na Waangola waliodai uhuru. Mwaka 1974 utawala wa kidikteta ulianguka Ureno, na vyama vitatu vya Angola, yaani MPLA, FNLA na UNITA, vikaanza kugombea nchi.

Mobutu aliunga mkono FNLA, na mwaka 1975 alipeleka askari wake ndani ya Angola. Marekani ilisaidia FNLA na UNITA kwa siri. Serikali ya ubaguzi ya Afrika Kusini iliingia na jeshi. Urusi ya Kisovieti na Kuba zilisaidia MPLA. Na majandarme wa Katanga? Walijiunga na MPLA, kwa sababu adui wa MPLA alikuwa Mobutu.

Tulitazame jambo hilo vizuri. Watu walioitwa jana vibaraka wa Wabelgiji na Wareno, leo walihesabiwa upande wa Moscow. Walibadilisha mwenyeji, lakini lengo lao la kumwondoa Mobutu na kurudi Katanga lilikuwa lile lile.

MPLA ilishinda. Februari 1976 Mobutu na Rais Agostinho Neto wa Angola walikutana Brazzaville, wakaahidiana kwamba ardhi ya mmoja haitatumika kumshambulia mwingine. Maneno yalikuwa mazuri, vitendo havikufuata. Kila mmoja aliendelea kumlea adui wa mwenzake.

4. Siku 80, kisha Kolwezi

Tarehe 8 Machi 1977 FNLC ilivuka mpaka kutoka Angola. Dilolo, Kisenge na Kapanga zikachukuliwa, na baadaye Mutshatsha, kwenye njia ya kwenda Kolwezi. Jeshi la Zaire lilirudi nyuma. Mobutu aliwaambia marafiki zake wa nje kwamba Warusi na Wakuba wanamshambulia. Mwezi wa Aprili Moroko ilituma askari wapatao 1,500, waliosafirishwa kwa ndege za Ufaransa. Mwishoni mwa Mei FNLC ilikuwa imerudi Angola. Serikali iliviita vita vya siku 80.

Mwaka uliofuata walirudi kwa kupitia Zambia. Tarehe 13 Mei 1978 waliteka Kolwezi. Tarehe 19 Mei askari wa miavuli wa Ufaransa waliruka juu ya mji, na siku iliyofuata wakaja Wabelgiji. Marekani ilitoa ndege za mizigo. Wazungu zaidi ya 100 waliuawa, na Wakongo kwa mamia. Rais Carter wa Marekani aliilaumu Kuba. Fidel Castro alikana, akasema alikuwa amejaribu kuvizuia vita hivyo.

Huko Washington, Paris na Moscow watu walibishana kama huu ni mpango wa Wakomunisti au la. Ni wachache waliouliza: hawa vijana ni wana wa nani, na kwa nini hawakai kwao?

5. Nani alilipa gharama

Vita vilipokwisha, mashaka yalibaki. Askari wa serikali walipopita vijijini, kuwa Mlunda kulitosha kumfanya mtu ashukiwe. Maelfu kwa maelfu walikimbilia Angola. Hata mkubwa hakusalimika. Nguza Karl-i-Bond, naye mzaliwa wa Musumba, alikuwa Waziri wa Mambo ya Nje wa Zaire. Agosti 1977 alikamatwa, akashtakiwa kwa uhaini, akahukumiwa kifo. Baadaye adhabu ilibadilishwa, akafunguliwa, na mwaka 1979 akarudishwa katika wizara ile ile. Familia ya kijijini iliyochomewa nyumba haikupata wizara ya kurudishiwa.

6. Njia iliyopatikana mwaka 1978

Hapa kuna fundisho ambalo halisimuliwi mara nyingi. Julai 1978, miezi miwili tu baada ya Kolwezi, wajumbe wa Zaire na Angola walikutana tena Brazzaville. Safari hii walikubaliana kwa vitendo: Angola iwaondoe FNLC mpakani na kuwanyang'anya silaha; Zaire iache kuwasaidia maadui wa Angola; wakimbizi waruhusiwe kurudi. Mobutu alikuwa amekwisha kutangaza msamaha kwa waliokimbia. Agosti Neto alikwenda Kinshasa. Oktoba Mobutu alikwenda Luanda. Wakimbizi wengi walirudi, na vita vya tatu vya Shaba kutoka Angola havikutokea.

Vita Baridi vilikuwa havijaisha. Marekani na Urusi zilikuwa bado zinatishana. Hata hivyo, majirani wawili waliweza kuufunga mlango wao. Basi tusiseme kwamba sisi wadogo hatuna la kufanya mpaka wakubwa wapatane.

Lakini mlango haukufungwa kabisa. Wakimbizi wenyewe hawakukaa mezani. Wengi wa wapiganaji walibaki Angola, na miaka ya 1980 Marekani iliutumia uwanja wa Kamina kupeleka silaha kwa UNITA. Mwaka 1997 Angola iliwaleta wapiganaji wa kundi hilo la Katanga, ambao sasa waliitwa "Tigre", kusaidia kumwangusha Mobutu.

Na ufa ulihamia kwingine. Mwaka 1992 na 1993 viongozi wa siasa wa mkoa huu waliwachochea watu dhidi ya majirani waliotoka Kasai. Huko Likasi na Kolwezi familia zilifukuzwa majumbani, zikalala katika vituo vya gari la moshi zikisubiri safari. Wengine walikuwa wamezaliwa hapa hapa. Aliyeshukiwa jana kwa sababu ya kabila lake anaweza kumshuku mwenzake kesho kwa sababu hiyo hiyo. Tuliseme hili waziwazi, kwa kuwa leo katika mkutano huu tumekaa pamoja watu wa pande zote.

7. Na sasa

Leo wakubwa wamerudi kutazama Lualaba. Kongo inatoa zaidi ya nusu ya kobalti ya dunia, na sehemu kubwa inatoka mkoa huu. Makampuni ya China yana sehemu kubwa ya migodi. Marekani na Umoja wa Ulaya wanaunga mkono reli ya Lobito, ile ile ya Benguela iliyofungwa mwaka 1975 kwa sababu ya vita. Reli si adui, wala mnunuzi si adui. Tuulize ni nani amefukuzwa shambani ili mgodi upanuke, na nani amemsikiliza.

Tarehe 27 Juni 2025 Kongo na Rwanda zilitia sahihi mkataba huko Washington. Ndani yake mnasikika maneno yanayofanana na yale ya Brazzaville: usimlee adui wa jirani yako. Mkataba wa namna hiyo hupimwa kwa kuangalia kama mkimbizi amerudi, kama mpiganaji amepata kazi, na kama wote wawili wanaweza kukaa kijiji kimoja.

Tunachowaomba

Machifu na viongozi: kijana anayetaka kuacha silaha apate mtu wa kumpokea na kumsikiliza kabla hajapata mwenyeji mwingine. Msikubali neno "mgeni" litumike kama hukumu katika mashauri ya ardhi.

Familia zilizohamishwa: chagueni wasemaji wenu, wanawake na wanaume, na daini nafasi katika kila kamati ya amani inayozungumzia kurudi kwenu. Andikeni majina ya waliopotea na mipaka ya mashamba mliyoyaacha, wakati wazee wanaoijua wangali hai.

Wenyeji: wapeni watoto wa waliohamishwa nafasi shuleni kama watoto wenu.

Maswali ya kuzungumzia katika vikundi:

1. Katika kijiji chetu, ni nani aliyekimbia na hajafunguliwa njia ya kurudi? Nini kinamzuia?
2. Tunaposikia vita vimeanza, ni kabila gani tunalolishuku kwanza? Kwa nini?
3. Kati ya watu wa upande huu na jamaa zetu wa Angola na Zambia, ni nani wanaoweza kupeleka ujumbe wa amani mapema, kabla ya bunduki?

Tunaomba kila kikundi kilete majibu yake kwa maandishi au kwa mdomo katika mkutano ujao. Tutaanza na swali la kwanza.