KAMPUNI ILIPOKUWA SERIKALI

(Hotuba iliyosomwa na Kamati ya Elimu mbele ya wanachama wa Kaloleni, Makongeni, Jericho na Bahati. Tunaipiga chapa hapa kwa ajili ya wale waliokuwa zamu siku ile.)



Mmetuita tuseme juu ya karatasi. Wengi wenu mmekwisha kuiona. Imeletwa kazini, nayo yasema kwamba toka mwezi ujao mfanya kazi hatakuwa tena mtu wa kiwanda alichokitumikia miaka sita au kumi. Atakuwa mtu wa kampuni nyingine, ambayo itamlipa na kumpeleka kazini pale pale, kwa mlango ule ule na mashine ile ile. Mwenzetu mmoja alimwuliza msimamizi, "Nikiumia mkono, nimdai nani?" Akajibiwa, "Uliza kampuni." Alipokwenda kwa kampuni akaambiwa, "Uliza kiwanda."

Karatasi hiyo tutaifikia. Lakini kwanza twataka kwenda mbali kidogo, kwa sababu hila hii ya kuweka kampuni katikati si mpya. Ni ya zaidi ya miaka mia nne, na kwa hila hiyo hiyo nchi yetu ilitiwa mkononi mwa watu wengine. Mtuvumilie.

1. WAFANYA BIASHARA WA LONDON

Watu wa pwani yetu walifanya biashara na Asia zamani kabla ya Mwingereza. Majahazi yalikuja na kaskazi kutoka Arabuni na Gujarat yakileta nguo za pamba, yakarudi na kusi yakiwa na pembe za ndovu na boriti. Waingereza walikuja nyuma, hata nyuma ya Wareno.

Mwaka 1591 merikebu tatu ziliondoka Uingereza kutafuta njia ya bahari ya kwenda Asia. Moja ilirudishwa kutoka Rasi ya Tumaini Jema na mabaharia wagonjwa. Ya pili ilipotea katika dhoruba na watu wake wote. Ya tatu, chini ya nahodha James Lancaster, ilifika Unguja mwisho wa mwaka huo ikakaa mpaka Februari 1592. Katika watu 198 waliopita Rasi, 25 tu walirudi kwao wakiwa hai. Angalieni vizuri: waliokufa ni mabaharia, watu wa mshahara kama sisi. Matajiri waliotoa fedha walikuwa wamekaa London.

Lakini matajiri hao walijifunza jambo moja. Safari kama hiyo ikimwangukia mtu mmoja itamfilisi. Wakichanga wengi, kila mmoja hupoteza kidogo, na faida ikija wote hugawana. Basi wakachanga, kisha wakaenda kwa Malkia Elizabeth kuomba hati. Hati hiyo ilitolewa tarehe 31 Desemba 1600. Ilisema kwamba katika Waingereza wote ni wao peke yao watakaofanya biashara na nchi za Asia na Afrika zilizo ng'ambo ya Rasi ya Tumaini Jema, kwa miaka kumi na mitano. Ndiyo kampuni tuliyozoea kuiita Kampuni ya India ya Mashariki.

Ndugu, hati hiyo ilitaja Afrika. Pwani yetu ilikuwa ndani ya mpaka wake. Hakuna mtu wa Mombasa wala wa Unguja aliyeulizwa.

2. MFANYA BIASHARA ANAKUWA MTAWALA

Merikebu nne za kwanza za Kampuni ziliondoka mwaka 1601, chini ya Lancaster yule yule, zikarudi mwaka 1603 na shehena kubwa ya pilipili manga. Baadaye Kampuni ilipata ruhusa ya kuweka ghala Surat, kisha ikakaa Madras, Bombay na Calcutta. Ilipata ghala, kisha ukuta wa kulinda ghala, kisha askari wa kulinda ukuta. Mwaka 1757 askari hao walimshinda mtawala wa Bengal huko Plassey. Mwaka 1765 Kampuni ikapewa haki ya kukusanya kodi ya Bengal yote.

Mfanya biashara akikusanya kodi, hununua mali yako kwa fedha yako mwenyewe. Wafumaji wa Bengal waliliona hilo. Wakala wa Kampuni alimpa mfumaji fedha za mbele, akatia jina lake kitabuni, na tangu hapo mfumaji alikatazwa kumwuzia mtu mwingine nguo zake. Bei ilitajwa na Kampuni. Mwaka 1770 njaa kubwa ikaingia Bengal, watu wakafa kwa mamilioni, na kodi ikaendelea kudaiwa.

Aliyeonewa angemshitaki nani? Wakala alisema ana amri ya Calcutta. Calcutta walisema wangoja barua ya London, na barua ilikuwa na miezi mingi njiani. London walisema wao ni wafanya biashara tu.

Serikali ya Uingereza iliichukua India mikononi mwake mwaka 1858, baada ya maasi makubwa ya 1857. Lakini tangu sheria ya mwaka 1833, Kampuni ilipoacha biashara, wenye hisa waliahidiwa faida ya asilimia kumi na nusu kila mwaka, nayo ilitolewa katika kodi ya India. Yaani mkulima wa India aliwalipa waliokuwa wakimtawala, mpaka Kampuni ikavunjwa mwaka 1874. Jambo hili mlishike, kwa maana tutaliona tena hapa kwetu.

3. KAMPUNI YA HAPA KWETU

William Mackinnon alikuwa Mskoti aliyepata utajiri kwa meli za kati ya India na nchi nyingine za Asia. Tangu mwaka 1872 meli za kampuni yake zilileta barua na mizigo mpaka Unguja. Mwaka 1887 watu wake walipata kwa Sultani Barghash ruhusa ya kutawala pwani na kutoza ushuru kwa jina lake. Septemba 1888 wakapewa hati ya Malkia Victoria, na ikazaliwa Kampuni ya Kifalme ya Afrika Mashariki ya Waingereza. Kazi yake ilikuwa ile ile ya India: biashara, ushuru, mahakama, askari. Hata sarafu ilipiga zake za Mombasa, zenye mwaka 1888, jina la Kampuni na picha ya mizani. Neno letu "pesa" lenyewe lilikuja kwa biashara ya India, ambako sarafu ndogo huitwa paisa.

Mizani ilikuwa kwenye sarafu. Tuone kama ilikuwa Dagoretti pia.

Dagoretti ni upande wa pili wa mji huu, nauli moja tu kutoka hapa. Mwaka 1890 Kapteni Lugard, mtumishi wa Kampuni, alifika pale akafanya mapatano ya udugu na Waiyaki wa Hinga, akapewa mahali pa kujenga boma. Kisha Lugard akaendelea na safari yake ya Uganda. Waliobaki bomani walinyang'anya watu chakula. Ugomvi ukazuka, boma likaachwa na likachomwa moto. Kampuni ikajenga jingine, Fort Smith, huko Kabete. Mwaka 1892 Waiyaki alikamatwa, akapelekwa kuelekea pwani, akafa njiani huko Kibwezi.

Waiyaki alipatana na nani? Na Lugard? Lugard alikuwa Uganda. Na Kampuni? Wenye Kampuni walikuwa London, wala hawakupata kuiona Dagoretti. Na Malkia? Malkia alikuwa ametoa hati tu. Aliyeweka ahadi hakuwapo, na waliokuwapo hawakujiona wamefungwa na ahadi.

Kampuni haikupata faida. Kila mzigo ulikwenda kichwani mwa mpagazi, na hakuna biashara inayoweza kubeba gharama hiyo mpaka Uganda. Mackinnon alikufa mwaka 1893. Mwaka 1895 Serikali ya Uingereza iliichukua nchi, na Kampuni ikalipwa pauni 250,000. Fedha hizo zilitoka wapi? Pauni 200,000 zilikuwa fedha za Zanzibar, zile ambazo Wajerumani walimlipa Sultani kwa pwani ya Tanganyika. Uingereza iliongeza 50,000. Yaani Sultani alitoa pwani yake bila kuiuza, kisha fedha zake zikatumika kuwalipa walioichukua. Ndiyo hesabu ile ile ya mkulima wa India.

4. RELI, NA MTU WA KATIKATI

Reli ilianza Mombasa mwaka 1896, ikafika hapa Nairobi mwaka 1899, na Kisumu mwaka 1901. Babu zetu wengi waliikuta imekwisha kupita, wakaja kuishi kando yake, Muthurwa na Makongeni.

Walioijenga, karibu watu 32,000 waliletwa kutoka India kwa mapatano ya miaka mitatu. Waliandikwa huko kwao, na mmoja wa waliopewa kandarasi ya kuwaleta alikuwa A. M. Jeevanjee, yule ambaye bustani ya mjini ina jina lake. Karibu 2,500 walikufa kazini. Wapatao 6,700 walibaki hapa muda wao ulipokwisha, na wengine wakarudi.

Pamoja na watu zikaja sheria. Sheria ya Mapatano ya India, ya mwaka 1872, ndiyo iliyotumika katika Kenya mpaka ya kwetu ilipoanza mwaka 1961. Mwafrika aliongezewa sheria ya bwana na mtumishi ya mwaka 1906, ambayo kwayo kuacha kazi kabla ya muda kulikuwa ni kosa la jinai. Baadaye kikaja kipande shingoni. Mapatano yaliandikwa kwa lugha ambayo mwenye kutia dole gumba hakuijua.

Lakini kumbukeni na hili. Biashara ya matajiri iliwaleta watu wa Asia na Afrika mahali pamoja, na wafanya kazi wakapata kujuana. Mei Mosi 1949 vyama viliungana hapa Nairobi, Fred Kubai akiwa rais na Makhan Singh, mtu wa Punjab, akiwa katibu mkuu. Tarehe 23 Aprili 1950, katika ukumbi wa Kaloleni hapa hapa, Makhan Singh alisimama akataka uhuru wa nchi za Afrika Mashariki. Mwezi uliofuata yeye na Kubai walikamatwa, na Nairobi ikagoma. Makhan Singh hakufunguliwa mpaka Oktoba 1961.

5. SASA KARATASI YETU

Hatusemi kwamba kampuni hii ndogo ya kontrakta ni Kampuni ya India. Haina merikebu wala askari, ila bawabu mmoja. Lakini nia ni ile ile: anayepata faida ya kazi yako asiwe ndiye wa kujibu mashitaka yako. Wa India waliuliza nani anajibu, na Waiyaki aliuliza kwa maisha yake. Tofauti yetu na wao ni moja: sisi tunaweza kuuliza kabla ya kutia sahihi.

Sheria ya Kazi ya mwaka 2007 inasema mapatano ya miezi mitatu au zaidi yaandikwe. Inasema asiyejua kusoma, au asiyeijua lugha ya karatasi, aelezwe na mwajiri kwa lugha anayoielewa. Inasema pia kwamba masharti ya kazi hayabadilishwi bila kushauriana na mfanya kazi na kumwarifu kwa maandishi. Na Katiba ya 2010, kifungu cha 41, inampa kila mfanya kazi haki ya kuwa katika chama na haki ya kugoma. Haki hizi hazikuletwa na meli ya mtu. Zilidaiwa.

Basi Kamati yawashauri hivi:

(a) Mtu asitie sahihi peke yake. Chukua nakala, ilete kwa katibu wa tawi. Ukiambiwa nakala haitolewi, hiyo yenyewe ni habari, tuletee.

(b) Tuulize kwa maandishi, wote kwa barua moja: Miaka tuliyokwisha kutumika itahesabiwa na nani? Mtu akiumia atalipwa na nani? Kontrakta akifunga duka lake usiku mmoja, mshahara wetu uko kwa nani?

(c) Majibu yawe na sahihi ya kiwanda na ya kontrakta pia. Sahihi moja haitoshi.

Najua wapo watakaosema, "Ninyi mwasema hivyo, lakini kodi ya nyumba yangu ni tarehe tano." Hata sisi wa Kamati twalipa kodi tarehe tano. Hatuwaambii mtupe kazi. Twawaambia msikubali kupoteza miaka kumi kwa sababu ya wiki moja ya hofu.

Matajiri wa London hawakuwa na nguvu mpaka walipochanga. Kila mmoja alitoa sehemu yake, wakaandika jambo wanalolitaka, wakalipeleka kwa mwenye mamlaka wakiwa kitu kimoja. Hilo tu katika mambo yao twaweza kuliiga bila aibu. Ada yetu ya mwezi ni mchango wetu. Barua yetu ya pamoja ndiyo hati yetu.

Barua iko mezani kwa katibu. Isomwe kwanza kwa sauti, kwa Kiswahili, ndipo mtu atie sahihi.

UMOJA NI NGUVU.